Nilidanganya najua baisikeli, Copenhagen ikaniumbua!

Msomaji wangu, uongo uko wa aina mbili. Kuna ule wa kumwambia mwenye nyumba kwamba mshahara bado haujatoka, huo hata malaika wanausamehe. Halafu kuna ule wa kutia alama ya "ndiyo" kwenye karatasi ya Wazungu. Huo wa pili ndio ulioniponza mimi, na leo nataka nikusimulie bila kuficha kitu, hata kama utanicheka.

Ilikuwa mwezi wa nane, mwaka 2023. Ofisini kwetu ilikuja nafasi moja ya kozi ya wiki tatu mjini Copenhagen, mji mkuu wa Denmark, na jina langu ndilo lililopita. Wenzangu wengine walinuna, mimi nikajifanya sioni. Majuu hayo, bwana! Nani anaacha?

Siku ya pili tu ya kozi tukagawiwa karatasi. Jumamosi, wageni wote tungetembezwa mjini kwa baisikeli, saa tatu nzima, na mtembezaji wa kutuongoza. Chini kabisa kulikuwa na swali: je, unajua kuendesha baisikeli? Nikachungulia kushoto, kaka mmoja wa Kenya katia ndiyo. Nikachungulia kulia, dada wa Uganda katia ndiyo. Mbele yangu Mnepali wa watu, naye ndiyo. Nikajiuliza, mtu mzima wa miaka thelathini na nne, natoka nchi ambayo baisikeli hubeba mkaa, maziwa, mgonjwa na bibi harusi, niseme sijui? Nikatia ndiyo. Tena kwa wino mzito.

Ukweli ni kwamba sikuwahi kuendesha baisikeli hata hatua kumi.

Mimi ni mtoto wa Litembo, kule juu Umatengoni, wilaya ya Mbinga. Kama hujafika, jua kwamba kwetu hakuna tambarare. Ni mlima, bonde, mlima. Ndiyo maana wazee wetu wakabuni kilimo cha ngolo, yale mashimo yaliyopangwa mlimani kama masega ya nyuki ili mvua isikokote udongo kuupeleka bondeni. Wanaume wanafyeka nyasi na kuzipanga, wanawake ndio wanaochimba udongo na kuzifunika. Ukimwona mwanamke wa Kimatengo mgongo umeinama, usiulize maswali.

Baba alikuwa na Phoenix nyeusi. Aliinunua kwa pesa ya kahawa, enzi ambazo ukivuna vizuri na ushirika ukikulipa, unaezeka bati na chenji inabaki. Baisikeli ile ilikuwa na heshima kuliko sisi watoto. Ililala ndani, ikapanguswa kwa kitambaa na mafuta, ikavishwa kitambaa cha kufumwa kwenye tandiko. Kaka yangu alianza kuipanda akiwa na miaka tisa, anapenyeza mguu chini ya lile bomba la katikati, mwili umepinda upande kama chura aliyekanyagwa. Watu wakamshangilia.

Mimi nilijaribu mara moja tu, nikiwa darasa la nne. Kaka alinishika nyuma, akaniachia mteremkoni, nikaenda kugota kwenye mgomba. Taa ikavunjika. Baba hakunichapa. Aliiokota baisikeli yake, akanitazama, akasema neno moja tu: "Baisikeli si ya mtoto wa kike."

Basi likawa sheria. Siku za kwenda kusaga, baba alisukuma baisikeli mbele, mama alifuata nyuma na debe la mahindi kichwani na mimi na ndoo yangu. Kwa nini debe lisipande kwenye keria, sikuuliza. Nawe ungekuwa mimi usingeuliza.

Turudi Copenhagen.

Jumamosi ikafika. Tulikutana Rådhuspladsen, uwanja ulio mbele ya ukumbi wa jiji, saa nne asubuhi. Mtembezaji wetu alikuwa binti mrefu, nywele kama hariri ya mahindi, umri wake kama wa mdogo wangu. Akatupa masharti: tunakaa kulia, siyo kushoto kama kwenu. Ukitaka kukata kona unanyoosha mkono. Ukitaka kusimama unainua mkono juu, ili wa nyuma asikuvae. Na kamwe usisimame katikati ya njia kupiga picha, maana hapa watu wanakwenda kazini na hawana utani.

Ni kweli hawana utani. Msomaji, zile baisikeli zinapita kama nzige! Mzee wa miaka sabini, mama mjamzito, kijana wa suti na tai, msichana na sketi yake fupi na viatu vya kisigino, wote wanakanyaga tu. Njia zao ziko peke yake pembeni ya barabara, zimeinuliwa kidogo kuliko njia ya magari. Kuna taa za barabarani zilizotegwa hivi: ukienda mwendo wa kilometa 20 kwa saa, unakuta kijani, kijani, kijani mpaka mjini. Kwetu taa ya kijani unaivizia kama mwezi wa Idi.

Nikakabidhiwa yangu, rangi ya bluu. Nikaipanda kwa madaha. Nikakanyaga mara ya kwanza, ikaenda. Nikakanyaga ya pili, ikaenda. Moyoni nikasema kumbe kitu chenyewe rahisi! Hapo nikayumba, nikataka kujishika, miguu ikarudisha pedeli nyuma. Kumbe baisikeli nyingi za huko breki yake ndiyo hiyo, ukirudisha pedeli nyuma tairi linajifunga. Nikajikuta chini, goti linavuja, mkoba kule, miwani kule, na nyuma yangu kengele zinalia kling kling kling za watu wenye haraka zao.

Kaka wa Kenya akanikimbilia. "Pole dada, umeumia?" Goti halikuniuma kama aibu ilivyoniuma. Mtembezaji akanivuta pembeni, akachuchumaa, akaniuliza taratibu, "Hujawahi kuendesha, sivyo?" Machozi yakanilengalenga. Nikatikisa kichwa.

Hakucheka. Alikuwa na baisikeli yake ya matairi matatu, yenye sanduku kubwa la mbao mbele, alimobebea pampu, spana na makoti ya mvua. Aina hiyo ilianza kutengenezwa mwaka 1984 pale Christiania, kile kitongoji cha wabishi kilichovamiwa na vijana mwaka 1971, na wazazi wa Copenhagen wanaitumia kupeleka watoto shule. Akayasogeza makoti pembeni. Akaniambia, "Karibu ndani."

Basi ndugu yangu, mimi, mtu mzima na digrii yangu, nilitembezwa Copenhagen ndani ya sanduku kama gunia la kahawa. Watoto wa rika langu, yaani wa miaka minne, walikuwa wakinipungia mkono kutoka kwenye masanduku yao.

Lakini nikwambie, mzigo huona mengi kuliko mwenye kuendesha. Tulipita Christiansborg, jumba lenye bunge lao, na nje nikaona baisikeli zimeegeshwa kwa mamia. Binti akasema hata wabunge wanakuja na baisikeli. Jina lile likanigonga. Nikamuuliza, mbona Accra kule Ghana kuna ngome iliyoitwa Christiansborg? Akasema ndiyo, ni sisi. Wadenmark waliishika ile pwani ya Osu tangu karne ya 17, wakanunua watu na kuwavusha bahari, mpaka walipowauzia Waingereza ngome zao mwaka 1850.

Tukafika Nyhavn, mfereji wenye nyumba za rangi rangi ambao lazima umeuona kwenye kalenda. Kisha tukafuata ukingo wa bandari mpaka kwenye ghala la zamani, ghala la bidhaa za visiwa vyao vya Karibiani. Sukari ya watumwa ilipitia mlemle. Mwaka 2018 wasanii wawili wanawake, Jeannette Ehlers wa Denmark na La Vaughn Belle wa Visiwa vya Virgin, walisimamisha pale sanamu ya Mary Thomas, mwanamke mweusi aliyekuwa mmoja wa walioongoza uasi wa vibarua wa miwa kisiwani St. Croix mwaka 1878. Ameketi kwenye kiti kama malkia, mkono mmoja mwenge, mkono mwingine panga la kukatia miwa. Mimi sikuikuta, ilivunjwa na dhoruba mwaka 2020, ila binti alituonyesha picha. Tukanyamaza wote. Nikawaza, babu zao waliwabeba babu zetu kwenye mashua bila kuwauliza, leo mjukuu wao anatokwa jasho kunisukuma mimi kwa hiari yake. Dunia inazunguka kama pedeli.

Nguva wao maarufu, yule wa hadithi ya Hans Christian Andersen, nilimwona. Msomaji, usiende kwa ajili yake! Yupo juu ya jiwe tangu mwaka 1913, na urefu wake ni mita moja na robo tu. Sisi kule Liuli, ziwani Nyasa, tuna mwamba ambao Wajerumani waliona unafanana na Sphinx ya Misri, wakaiita bandari Sphinxhafen. Tarehe 13 Agosti 1914 meli ya Waingereza, Gwendolen, ikaikuta pale meli ya Wajerumani, Hermann von Wissmann, ikiwa matengenezoni na nahodha hana habari kwamba vita imeanza. Yalikuwa miongoni mwa mapigano ya kwanza kabisa ya majini katika vita ile. Lakini nani anauza kalenda ya Liuli? Kelele ni mtaji, jamani.

Mapumziko tulifanyia Islands Brygge, ng'ambo ya maji, ambako watu wanaogelea bandarini katikati ya jiji, maji yamesafishwa mpaka yanaonyesha chini. Hapo nikamuuliza binti swali lililokuwa linanikereketa: ninyi mlizaliwa hivi hivi na baisikeli?

Akasema hapana. Miaka ya 1950 na 1960 kila mtu alitaka gari, na baisikeli zikaanza kuonekana za watu duni. Halafu mwaka 1973 mafuta yakapanda bei, serikali ikapiga marufuku magari siku za Jumapili. Watu wakaona kumbe barabara bila gari inapitika! Miaka iliyofuata wakaandamana kudai njia zao, wakapewa kidogo kidogo. Nikacheka, maana hata Bongo, enzi za Mwalimu, magari binafsi yaliwahi kukatazwa Jumapili mchana ili kuokoa mafuta. Sisi marufuku ilipokwisha tukarudi kwenye foleni yetu.

"Na wanawake?" nikamuuliza. Akasema usidhani. Miaka ya 1890 huko Ulaya kulikuwa na madaktari walioandika kwamba baisikeli inamharibu mwanamke sura, eti uso unakakamaa. Nikamwona baba yangu katika koti jeupe la daktari. Kumbe ugonjwa ule haukuanzia Litembo!

Binti akanielekeza kitu kingine. Msalaba Mwekundu wa Denmark unaendesha mafunzo ya baisikeli kwa wanawake wahamiaji, maana mimi si wa kwanza kuanguka pale. Jumatatu jioni, kupitia wenyeji wetu, nikampata mama mmoja wa Kisomali, mtu mzima, baibui mpaka chini, aliyejifunzia huko naye. Alipitia Mombasa miaka ya nyuma kabla hajafika Denmark, Kiswahili chake kitamu kama halua. Tukaamkiana.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Waogopa?"

"Naogopa mama."

"Mimi nlikuwa na miaka hamsini na mbili nlipoanza. Vua kiburi kwanza, baisikeli utaipanda baadaye."

Akashusha tandiko mpaka miguu yangu yote miwili ikakanyaga chini. Akafungua pedeli akazitia mfukoni. Akasema nisukume kwa miguu tu, kama mtoto, mpaka mwili ujue kusimama wenyewe. Jioni mbili nilisukuma tu. Jioni ya tatu akarudisha pedeli. Jioni ya nne, kwenye uwanja wa wazi, nikasikia upepo masikioni na sikumsikia mama nyuma yangu tena. Nikageuka kutazama, nikaanguka, nikacheka peke yangu chini kama mwendawazimu. Wiki ya tatu nilikuwa nakwenda darasani kwa baisikeli, nainua mkono nikisimama, na nawapigia kengele watalii waliosimama katikati ya njia kupiga picha.

Sasa hapa ndipo hadithi yangu inapoanza, maana ungeweza kusema, haya dada, umejifunza, tufanyeje?

Kaka yangu, yule wa Phoenix, alioa Mnyasa akahamia Mbamba Bay, anaendesha bodaboda. Binti yake mkubwa alikuwa kidato cha pili. Shule iko mbali na nyumbani, anatoka alfajiri na giza, anarudi jua limezama. Njiani wapo vijana wa bodaboda, na lifti ya bodaboda kwa mwanafunzi wa kike huwa haina nauli siku ya kwanza. Nauli inadaiwa baadaye. Msichana wawili wa darasa lake walishaacha masomo kwa sababu ya tumbo. Wifi yangu alinisimulia kwenye simu akinong'ona, na mumewe ndiye aliyetoka kijiweni na habari hizo.

Desemba nikaenda likizo. Mbinga mjini nikaingia kwenye duka la baisikeli za mtumba, zile zinazotoka Japani, zenye kikapu mbele na lile bomba la katikati limeshushwa chini ili sketi ipite. Nikachagua nyekundu. Ikapandishwa juu ya gari, tukaanza kuteremka kwenda ziwani. Siku hizi ni lami tupu, kilometa sitini na kitu, unaona Nyasa inatokea chini bluu kama imemwagwa. Nikakumbuka hesabu moja nikacheka. Kilele cha juu kabisa cha ardhi ya Denmark ni mita 171 kutoka usawa wa bahari. Uso wa Ziwa Nyasa uko kwenye mita 475 hivi. Yaani ukisimama Mbamba Bay miguu ikiwa majini, wewe bado uko juu kuliko kilima kirefu kuliko vyote cha Denmark! Ndiyo maana wao wanakanyaga kwa raha. Sisi mlima ndio unaotukanyaga.

Baba na mama walikuwa wameshuka kutoka Litembo kula Krismasi kwa kaka. Nilipoteremsha baisikeli, baba alikuwa chini ya mwembe na kikombe chake cha chai.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Hiyo ya nani?"

"Ya mjukuu wako. Ya kwendea shule."

Kimya. Kaka akainama kutazama simu yake. Wifi akaingia jikoni, usipa waliokuwa motoni ghafla wakahitaji kugeuzwa. Baba akasema lile neno lake, lilelile, kama vile miaka ishirini na nne haikupita: "Baisikeli si ya mtoto wa kike."

Msomaji, nilikuwa nimejiandalia hotuba. Nilitaka nimtajie wale madaktari wa 1890. Yote yakanitoka kichwani. Nikakunja sketi kidogo, nikapanda, nikatoka uani. Nikaenda mpaka kwenye mitumbwi, nikazunguka, nikarudi. Mchanga ulitaka kuniangusha mara mbili. Watoto walinifuata wakipiga kelele. Nilipofika mbele ya mwembe nikainua mkono juu, kama nilivyofundishwa, nikasimama.

Mama ndiye aliyesema kwanza. Alikuwa ameketi mkekani, mkono shavuni. "Ungekuja nayo hiyo miaka thelathini iliyopita," akasema. Hakuwa ananiambia mimi. Alikuwa anatazama lile debe lake, nadhani, na mlima wake.

Baba alilisikia. Niliona alivyolisikia, maana aliweka kikombe chini na chai ikamwagika. Akanyanyuka, akaja, akabonyeza breki ya mbele, akabonyeza ya nyuma. Akalisukuma tairi kwa goti.

"Ya nyuma imelegea," akasema. "Ataua mtu huko mteremkoni. Leteni spana."

Akaketi chini akakaza breki zote mbili. Hakusema tena neno, wala sikutegemea aseme. Wazee wa kwetu msamaha wao huwa na spana.

Usidhani mambo yamekuwa kwa soksi. Vijana wa kijiweni walimzomea wiki mbili nzima, mmoja akamwuliza kama ameota ndevu. Kurudi shule kuna kilima, anakisukuma kwa mguu. Lakini aliingia kidato cha tatu, na anafika nyumbani jua bado liko juu ya ziwa. Na babu yake, akishuka kutoka Litembo, kitu cha kwanza ni kuuliza cheni imetiwa mafuta lini.

Ujumbe wake wa kwanza kwenye simu yangu baada ya likizo nilidhani utakuwa wa shukrani. Nikaketi vizuri nisome. Uliandikwa hivi: "Shikamoo shangazi. Tyubu ya nyuma imepasuka. Naomba hela ya viraka na solusheni, na nyingine ya rafiki yangu, nampakia kwenye keria."

Nikatuma. Haya, tuonane wiki ijayo panapo majaliwa. Na wewe uliyetia "ndiyo" mahali ambapo hujui, jifunze mapema kabla hujapakiwa kwenye sanduku!